Ziwa Moja, Chupa Isiyo na Jina

Kwa Waswahili, maziwa ya mama hayakuwa chakula tu, yalikuwa nasaba. Walionyonya ziwa moja walihesabiwa ndugu, hata kama matumbo yaliyowazaa ni mbalimbali, na ndoa baina yao ikawa haramu. Asili ya hukumu hiyo ni Sura ya An-Nisaa. Katika madhehebu ya Shafi, yafuatwayo na wengi wa pwani, udugu huo huthibiti kwa kunyonya mara tano kabla mtoto hajatimiza miaka miwili, na maziwa aliyonyweshwa kwa chombo yana hukumu ile ile.

Kwingineko maziwa yaliachana na jina la mwenyewe. Mwaka 1909 benki ya kwanza ya maziwa ya mama ilifunguliwa mjini Vienna. Boston ikafuata mwaka 1910. Siku hizi mama mtoaji hupimwa kwanza. Maziwa aliyoyakamua hupashwa moto wa nyuzi 62.5 kwa dakika 30 ili vijidudu vife, kisha hupozwa na kugandishwa. Mara nyingi huchanganywa na ya wenziwe. Anayeyahitaji zaidi ni mtoto njiti aliyekosa ya mamake, kwani humpunguzia hatari ya maradhi ya kuoza utumbo, ambayo huua.

Miaka ya 1980 hofu ya Ukimwi ilifunga benki nyingi, ila Brazili ilizipanga upya zake, ikajenga mtandao mkubwa kuliko wote. Disemba 1985, huko Jedda, Baraza la Fiqhi ya Kiislamu liliamua benki hizo zisianzishwe katika nchi za Waislamu, kwa kuchelea nasaba kuchanganyika. Sheikh Yusuf al-Qaradawi alikuwa na rai nyingine: pasipo kunyonya ziwani, udugu haupatikani. Mwaka 2019 benki ilifunguliwa katika hospitali ya Pumwani, Nairobi, na suala hilo likawa la jirani.

Ukitazamwa vyema, mgogoro huu si wa maziwa bali wa jina. Zamani aliyenyonyesha mtoto wa jirani alijulikana mtaa mzima. Benki nazo huweka daftari la kila chupa, ili ikitokea dosari chanzo kijulikane. Basi maziwa ya mama mmoja yasipochanganywa na ya mwingine, na daftari hilo likafunuliwa kwa wazazi wa pande zote mbili, mtoto njiti atanyweshwa na nduguze watajulikana.