Mhariri wa filamu (Thika na Ruiru)

Mhariri wa filamu, ambaye mitaani huitwa edita, ni fundi anayepokea picha na sauti zilizorekodiwa, akazichagua, akazikata na kuziunganisha mpaka hadithi isimame. Katika Thika na Ruiru, miji ya kaunti ya Kiambu iliyo kwenye barabara kuu ya kutoka Nairobi, riziki ya edita haitegemei sana kumbi za sinema. Hutegemea harusi, ibada, mazishi, na hasa ruracio na ngurario, yaani utoaji wa mahari na ufungaji wa ndoa kwa mila ya Wakikuyu.

Ngurario ndiyo shule kali kuliko zote. Sherehe huchukua kutwa nzima, mbele ya kamera mbili au tatu. Wanawake kadhaa hufunikwa leso gubigubi, na bwana harusi hutakiwa amtambue mchumba wake kati yao. Edita mchanga hukimbilia leso inapofunuliwa. Aliyekomaa hukawia kwanza kwenye uso wa kijana anayesita, akapita kwa shangazi anayebana kicheko, ndipo akaifunua. Wasemaji wa pande mbili nao hujadiliana kwa mafumbo na methali; edita asiyejua Kikuyu atakata methali katikati, na ukoo mzima utajua. Lugha, kwa kazi hii, ni chombo sawa na kompyuta.

Kwa kipimo cha fremu 25 kwa sekunde, dakika moja ni fremu 1,500, na fremu tatu tu zaweza kugeuza maana ya jicho. Programu zinazotumika sana ni Adobe Premiere Pro na DaVinci Resolve. Faili hunakiliwa kwenye diski mbili kabla ya kitu kingine chochote: stima hupotea, diski hufa, na ngurario hairudiwi.

Vichekesho vya Kikuyu vya kina Machang'i na Kihenjo, vilivyouzwa kwa VCD kutoka River Road, Nairobi, katika biashara iliyoitwa Riverwood, vilizoesha watazamaji wa Kiambu kujiona kwenye skrini kwa lugha yao. Leo uanahabari na filamu hufundishwa karibu na nyumbani, katika Chuo Kikuu cha Mount Kenya mjini Thika na Chuo Kikuu cha Kenyatta, Kahawa, kabla ya kufika Ruiru.

Katika filamu ndefu za Kenya, majina mawili yanastahili kutajwa kila yanapotajwa ya waongozaji. Mkaiwawi Mwakaba alihariri *Nairobi Half Life* (2012) ya David Tosh Gitonga. Charity Kuria alihariri *Supa Modo* (2018) ya Likarion Wainaina, ambamo kijiji kinamtengenezea filamu mtoto mgonjwa anayetamani kuwa shujaa. Kuria alikuwa na hadithi mbili za kushona pamoja, ya mtoto na ya filamu yake, na mshono hauonekani.