Vifo vya Melilla: Haki ingali kitendawili

MELILLA ni mji mdogo wa Uhispania ulio katika pwani ya kaskazini mwa Afrika, ukipakana na Morocco. Mji huo na ule wa Ceuta ndiyo pekee yenye mpaka wa nchi kavu kati ya Muungano wa Ulaya na Afrika.

Mnamo Juni 24, 2022, wahamiaji wapatao 2,000, wengi wao vijana wa Sudan waliotoroka vita na ufukara, walijaribu kuingia Melilla kupitia kituo cha Barrio Chino. Walinda usalama waliwakabili kwa vitoa machozi na risasi za mpira. Katika ua finyu wa kituo hicho, watu walikanyagana na kulaliana. Majeruhi waliachwa juani kwa saa nyingi bila matibabu, wakiwa wamerundikwa pamoja na maiti.

Morocco ilisema waliokufa ni 23. Shirika la Amnesty International lilitaja watu wasiopungua 37, na wengine zaidi ya 70 hawajulikani waliko.

Kilio kilisikika mbali. Mwenyekiti wa Tume ya Umoja wa Afrika wakati huo, Moussa Faki Mahamat, alitaka uchunguzi ufanywe mara moja. Kenya, iliyokuwa mwanachama wa Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa, ilishirikiana na Gabon na Ghana kuitisha kikao kuhusu mauaji hayo.

Hata hivyo, ukawa mchezo wa kutupiana mpira. Waziri wa Masuala ya Ndani wa Uhispania, Fernando Grande-Marlaska, alishikilia kwamba hakuna aliyefia katika ardhi ya nchi yake. Wanahabari wa mashirika kadhaa, ikiwemo BBC, walichunguza kanda za video na kupinga kauli hiyo. Mtetezi wa umma nchini humo naye alibaini kuwa watu 470 walirudishwa Morocco bila sheria kufuatwa. Lakini Desemba 2022 viongozi wa mashtaka wa Uhispania walifunga faili, wakisema hawakuona kosa la jinai kwa maafisa wao.

Huko Morocco, walioshtakiwa ni manusura wenyewe. Julai 2022 mahakama ya Nador iliwafunga wahamiaji 33 miezi 11 kila mmoja.

Tangu Aprili 2023, vita vipya nchini Sudan vimewafurusha mamilioni ya watu makwao. Njia ya kuelekea kaskazini ingali ile ile, na familia za waliopotea zingali zinasubiri kuonyeshwa makaburi.