Timu Iliyokufa Mjini Ulikozaliwa Mchezo Wake

Ndugu Mhariri aliponiomba niandike habari za michezo, nadhani alitarajia kandanda. Mimi naomba radhi, nitazungumzia mpira wa kikapu, na hasa timu moja ya ligi ndogo ya Marekani ambayo wengi wenu hamkupata kuisikia. Haikudumu. Lakini historia yake imepita karibu sana na Mtanzania mwenzetu, nayo inanikumbusha aibu yangu mwenyewe.

Nianze na hiyo aibu. Mpanda ikiwa bado katika Mkoa wa Rukwa, sisi wanafunzi wa Mwamkulu tulikuwa tukirudi likizo tunamaliza kazi ya mpunga kisha tunacheza kikapu. Tulichimbia nguzo mbili na kupigilia ringi za baiskeli zilizong'olewa spoki. Sasa, ringi ya baiskeli kubwa ina upana unaozidi sentimita 60, ilhali kikapu halali ni sentimita 45 tu. Hatukulijua hilo. Kwetu tulikuwa mafundi wa kufunga! Tulipoalikwa kucheza mjini Mpanda, kila mpira tulioutupa uligonga chuma ukarudi. Tulichekwa mpaka barabarani, na baada ya likizo ya pili timu ikafa. Mpaka leo anayeikumbuka husema neno moja tu: walikuwa wabovu.

Basi, mji wa Springfield, jimbo la Massachusetts, ndiko mwalimu James Naismith alikobuni mchezo huu mwezi Desemba 1891, katika chuo cha YMCA. Alikuwa na wanafunzi 18 na vikapu viwili vya matunda, akavipigilia futi 10 kutoka chini, na mpaka leo kimo hicho hakijabadilishwa. Ungetegemea mji kama huo usikose timu. Mwaka 2009 uliipata, ikaitwa Springfield Armor, jina lililokumbusha kiwanda cha zamani cha bunduki cha mji huo. Ilicheza ligi ya chini ya NBA, iliyoanzishwa mwaka 2001 ili vijana wakomae humo. Msimu wake wa kwanza ilishinda michezo 7 ikashindwa 43. Hata sisi wa Mwamkulu hatukufikia hapo, ingawa ni kwa sababu hatukupata kucheza michezo 50.

Mwaka 2014 timu iliuzwa na kuhamishwa mpaka Grand Rapids, Michigan, ili iwe mtoto wa Detroit Pistons. Ikapewa jina jipya, Grand Rapids Drive, na mwalimu wake wa kwanza akawa Otis Smith. Springfield ikabaki na jumba la kumbukumbu la mchezo, bila timu ya ligi hiyo.

Katika msimu ule wa kwanza wa Drive ndipo alipoingia Hasheem Thabeet, mwana wa Dar es Salaam aliyepata kusoma Makongo. Wasomaji vijana huenda hamjui uzito wa jina hili. Mwaka 2009 alichaguliwa wa pili katika uteuzi wa NBA, akiwa Mtanzania wa kwanza kufika huko. James Harden alikuwa wa tatu na Stephen Curry wa saba. Februari 2010 Memphis Grizzlies wakamteremsha kwenda Dakota Wizards, timu ya ligi hiyo ndogo, na hakuna aliyechaguliwa juu kama yeye aliyewahi kuteremshwa kabla yake. Mwaka 2014 Pistons walimwacha kabla ya msimu kuanza, naye akaenda Drive.

Vijiweni husemwa kwamba alishindwa. Mimi nakataa. Mtu aliyeshika mpira huu akiwa na miaka 15, tena katika nchi yenye viwanja vichache vya sakafu, alikuwa anajifunza mambo ambayo wenzake wa Marekani waliyajua tangu utotoni. Futi 7 na inchi 3 hazifundishi mtu kuweka miguu. Naye hakuacha: alicheza Japani mwaka 2017, akarudi ligi ile ile ndogo msimu wa 2019/20 na Fort Wayne Mad Ants, kisha akaenda Taiwan. Aliyeshindwa hafungi safari zote hizo.

Drive nayo haikufa kwa ubovu. Msimu wa 2019/20 ulikatizwa na korona, kisha Pistons wakataka mtoto wa kukaa naye Detroit penyewe, wakaanzisha Motor City Cruise mwaka 2021. Grand Rapids ikaungana na Denver na kubadili jina kuwa Gold. Jina la Drive liliishi miaka 7, la Armor miaka 5. Ukumbi wa DeltaPlex, ambamo Thabeet aliruka, ulifungwa mwaka 2022.

Nguzo yetu moja ya Mwamkulu ilidumu zaidi ya timu; kwa miaka mingi watu waliifungia mbuzi. Ringi haikukaa sana. Mwenye baiskeli aliifuata siku ile ile tuliyorudi kutoka mjini tumefungwa, akaipandishia spoki mbele yetu, wala hakutusalimu.