Ziara Inayogeuka Darajani

Njia ya kumtembeza mgeni Mji Mkongwe wa Unguja haibadiliki sana, awe ameletwa na kampuni ya utalii au ameangukia mikononi mwa papasi aliyemvizia bandarini. Huanzia Forodhani, penye Ngome Kongwe waliyoijenga Waomani baada ya kuwafukuza Wareno mwishoni mwa karne ya 17, hupita mbele ya Beit al-Ajaib, jumba la Sayyid Barghash la mwaka 1883, kisha huzama vichochoroni kutazama milango ya nakshi na misumari yake ya shaba. Shangani mgeni huoneshwa nyumba ya Tippu Tip, na si mbali na hapo nyumba inayohusishwa na utoto wa Freddie Mercury, aliyezaliwa Unguja mwaka 1946. Hatimaye hufikishwa Mkunazini, kwenye Kanisa Kuu la Anglikana lililosimama palipokuwa na soko la watumwa, akashushwa katika vyumba vya chini vyenye dari fupi na minyororo, akaambiwa kuwa humu ndimo walimofungiwa watu wakisubiri mnada. Hutoka kimya, kama inavyostahili, kisha hurudishwa Forodhani jioni ikamkute penye mishikaki na pweza. Ajabu ya njia hii ni mahali inapogeukia. Kutoka kanisani hadi barabara ya Darajani ni mwendo wa dakika chache tu, na upande wa pili wa barabara hiyo ndiko walikohamia na kujenga wengi wa watu waliotoka utumwani, wao na watoto wao. Ziara hugeuka palepale ambapo habari ya mtumwa ingeanza kuwa habari ya mtu mwenye jina.

Mpaka huo wa Darajani haukuletwa na watalii. Mji wa mwanzo ulikaa juu ya rasi iliyokaribia kuwa kisiwa, ikitengwa na sehemu kubwa ya kisiwa cha Unguja kwa hori lililojaa maji bahari ilipojaa, na jina la Darajani linatokana na daraja lililovuka hori hilo. Upande wa pili ukaitwa Ng'ambo, jina ambalo lenyewe linatuambia mtoaji wake alikuwa amesimama wapi. Sayyid Said, mtawala wa Oman, alipohamishia Unguja makao yake kutoka Muscat, katika muongo wa 1830 na kuelekea 1840, mji ulianza kutajirika kwa pembe za ndovu, karafuu na watumwa, na nyumba za mawe zikaongezeka. Hata hivyo, kwa sehemu kubwa ya karne ya 19 vibanda vya udongo na makuti vilikuwa ndani ya rasi pia, vimechanganyika na majumba. Kuchambua mji kama mchele, mawe huku na makuti kule, Waarabu, Wahindi na Wazungu huku na waliokuwa wakiitwa wenyeji kule, ni kazi iliyokamilishwa na utawala wa Kiingereza baada ya Zanzibar kuwa nchi lindwa mwaka 1890. Mpango wa mji ulioandikwa na H. V. Lanchester mwaka 1923 uliuchukua mgawanyo huo kama jambo la asili, na hori lilipofukiwa kidogo kidogo, barabara ikachukua nafasi ya maji. Mwaka 2000, UNESCO ilipouingiza Mji Mkongwe katika orodha ya urithi wa dunia, eneo lililoandikishwa lilikuwa hekta 96 za rasi ileile. Kwa hiyo mgeni wa leo, anapogeuka Mkunazini, anatii mstari uliochorwa na maji, ukakazwa na maofisa wa kikoloni, na mwishowe ukapigwa muhuri wa heshima.

Kuna gharama ya kuutii mstari huo, na inaonekana vizuri zaidi katika vile vyumba vya chini. Soko la Mkunazini lilikuwapo, nalo lilikuwa la kutisha. Hilo halina ubishi. Wasafiri wa karne ya 19 wameeleza walivyoona watu wakipangwa katika uwanja wa wazi na kukaguliwa meno na miguu. Lakini jengo ambalo mgeni hushushwa chini yake, lililojulikana kwa jina la St Monica, lilijengwa na misheni ya Kianglikana yenyewe baada ya soko kufungwa, na wanahistoria wa Zanzibar wamekwisha kueleza mara nyingi kuwa ni vigumu mno vyumba vyake kuwa gereza la soko ambalo halikuwapo tena. Kwa nini basi simulizi hiyo haifi? Wengine husema ni fedha ya kiingilio, na huenda fedha ina sehemu yake, lakini nadhani sababu kubwa ni kwamba njia yenyewe inaihitaji. Ndani ya rasi, kati ya majumba ya masultani na matajiri, hakuna mahali pengine pa kumwonesha mtumwa. Alikuwamo kila pahali: ndiye aliyebeba mawe ya matumbawe, aliyechota maji, aliyepika, aliyenyonyesha watoto wa bwana, lakini hakuachiwa nyumba yenye kibao. Ziara isiyovuka Darajani inalazimika kumtafuta shimoni.

Upo utetezi wa vyumba hivyo unaostahili kusikilizwa kwa makini. Husemwa kuwa mnara wa kumbukumbu si hati ya mahakama. Kwamba mgeni akiinama chini ya dari ile na kushika mnyororo anaelewa kwa mwili jambo ambalo vitabu kumi visingemfahamisha, na kwamba sanamu ya Clara Sörnäs iliyoko nje, watu watano wamesimama shimoni na mnyororo shingoni, haidai kuwa ni picha ya tukio fulani na bado inasema kweli. Kuhusu sanamu nakubali kabisa, kwa kuwa sanamu haimdanganyi mtu: kila anayeitazama anajua imechongwa. Chumba kinachoitwa cha asili ni jambo jingine. Utumwa wa Zanzibar una wanaoukana, wengine kwa sauti ya chini na wengine waziwazi, wanaodai ulikuwa wa upole, au umetiwa chumvi na wamisionari, au umekuzwa na wanasiasa baada ya Mapinduzi ya 1964. Mtu wa namna hiyo hahitaji kupinga mikataba, daftari za kibalozi wala ushuhuda wa watu waliokombolewa. Inamtosha kuonesha kuwa chumba kimoja si cha kweli, kisha aulize kwa tabasamu kuna nini kingine kilichobuniwa. Maonyesho ya historia yaliyowekwa hapo Mkunazini katika miaka ya karibuni yamefanya kazi nzuri ya kupanua habari kwa maandishi na picha, lakini mguu wa mgeni bado huvutwa na ngazi za kushukia chini kabla jicho halijafika ukutani.

Kasoro ya pili ni ya tarehe, na inatokana na ileile ya kwanza. Katika ziara, utumwa huisha mwaka 1873. Hadithi yake ina umbo zuri: Barghash akishinikizwa na Balozi wa Uingereza John Kirk na tishio la manowari anatia saini mkataba tarehe 5 Juni, soko linafungwa, Krismasi ya mwaka huohuo jiwe la msingi la kanisa linawekwa, na Askofu Edward Steere anaweka altare mahali panaposemekana palikuwa na mti wa kuchapia watumwa. Msalaba juu ya soko! Hakuna mwandishi wa tamthilia ambaye angeuacha. Ila kilichopigwa marufuku mwaka 1873 ni biashara ya baharini na masoko ya hadharani. Kumiliki mtu kuliendelea. Amri iliyoondoa hadhi ya utumwa kisheria ilitoka mwaka 1897, wakati wa Sultan Hamoud, miaka saba baada ya Waingereza kuishika nchi, na hata hapo mtumwa alitakiwa aende mwenyewe mahakamani kuudai uhuru wake huku bwana wake akilipwa fidia. Masuria waliachwa nje ya amri hiyo mpaka mwaka 1909. Miaka 36 inayokosekana kati ya jiwe la msingi la kanisa na uhuru wa suria wa mwisho si pengo dogo. Kuiacha ni kumpa mkombozi sifa yote na kumnyima aliyekombolewa jasho lake. Mfano mdogo ni kile kichekesho cha nguzo za kanisani, kwamba mafundi walizisimamisha juu chini askofu alipokuwa safarini. Wageni hucheka. Hawaulizi ni nani mafundi hao, wala inakuwaje kazi ya watu walioweza kusimamisha paa la zege na matumbawe la ukubwa ule ikumbukwe kwa kosa tu.

Sasa tuvuke barabara. Katika Ng'ambo ya mwanzo wa karne ya 20, mwanamke aliyekuwa amevaa kaniki ya kitumwa alinunua kanga, akajifunika kichwa, jambo ambalo mtumwa hakuruhusiwa, na kwa nguo hiyo akatangaza kwamba hana bwana. Huko ndiko alikosikika mwimbaji Siti binti Saad, mzaliwa wa Fumba katika ukoo uliotoka utumwani, aliyekuja mjini akiuza vyungu na mwaka 1928 akarekodi santuri Bombay. Taarabu aliyoiimba ilikuwa imeletwa kutoka Misri na Barghash yuleyule wa Beit al-Ajaib, ikiimbwa kwa Kiarabu kasrini. Siti akaipa Kiswahili na habari za mitaani, na mwandishi Shaaban Robert akaona maisha yake yanafaa kuandikiwa wasifu. Mwaka huohuo wa 1928 wakazi wa Ng'ambo waligoma kulipa kodi ya viwanja walivyojengea vibanda vyao, wakihoji ni vipi ardhi waliyoikalia bure wazee wao imekuwa na mwenyewe ghafla. Usiku wa Mapinduzi, Januari 1964, kambi ya polisi ya Ziwani iliyotekwa ilikuwa upande huo, si Shangani. Makao ya chama cha Afro-Shirazi yalikuwa Kisiwandui, na hapo ndipo Mzee Karume alipouawa tarehe 7 Aprili 1972 na kuzikwa. Majumba marefu ya Michenzani, yaliyojengwa kwa msaada wa Ujerumani Mashariki, ni jibu la serikali ya Mapinduzi kwa majumba ya rasi. Unaweza kulipenda au kulichukia, lakini huwezi kudai umeuona mji mkuu huu bila kulitazama.

Waongoza watalii watasema, na wana haki, kwamba mgeni ana saa mbili tu kabla hajarudi hotelini Nungwi, na kwamba amekuja kwa milango si kwa kodi ya viwanja. Lakini ziara ndefu siidai. Nyumba ya Freddie Mercury ni kituo kimoja kati ya vingi, na kukibadilisha na uvukaji wa barabara hakuongezi hata robo saa. Pingamizi zito zaidi ni jingine: kwamba Ng'ambo wanaishi watu, na kuwapeleka Wazungu wenye kamera mbele ya milango yao ni kugeuza umaskini kuwa maonyesho. Ni kweli, na ziara za namna hiyo katika miji mingine ya Afrika zimetia aibu. Ila hata Mji Mkongwe wanaishi watu, wengi wao wapangaji wa vyumba vilivyotaifishwa baada ya 1964, na wanapigwa picha kutwa wakiwa barazani bila mtu kuona tatizo. Heshima tunayoidai Ng'ambo ilipaswa kudaiwa na huko pia. Tena vituo vinavyohitajika ni vya hadhara: soko la Darajani, Kisiwandui, mzunguko wa Michenzani, maskani ya Kisonge na mbao zake za matangazo ya siasa. Hakuna haja ya kuchungulia jiko la mtu.

Tarehe 25 Desemba 2020 sehemu ya Beit al-Ajaib iliporomoka ikaua watu wawili, na habari zake zikafika kila pembe ya dunia. Jengo hilo lina jina, lina tarehe na lina wafadhili wa kulisimamisha tena. Nyumba ya udongo na fito ya Ng'ambo, yenye baraza lililokaliwa na vizazi vitatu, hubomolewa asubuhi na mwenyewe, kwa sababu nzuri tu kwamba imechoka na watoto wanataka tofali. Haimo ndani ya zile hekta 96. Jioni ukuta mpya umefika kiunoni, na upande wa pili wa barabara kundi la mwisho la siku linatoka Mkunazini na kugeuka kurudi Forodhani.