Kiwiko, Kifundo na Tarakimu: Kuyataja na Kuyasajili Maradhi ya Mkono katika Bara la Mombasa

Wachunguzi wa istilahi za tiba katika Kiswahili wamezoea kuuliza iwapo neno fulani lipo au halipo. Swali la pili, ambalo aghalabu husahauliwa, ni iwapo neno lililopo lina maana moja kwa anayelitamka na kwa anayeliandika. Makala hii inalitazama swali hilo kwa mfano mmoja mdogo: kifuko cha ute cha kifundo cha mkono kilichotunga usaha, na namna ya kukisajili kwa mgonjwa wa Likoni, Kisauni au Changamwe.

Ugonjwa wenyewe

Kwenye maungio ya mwili mna vifuko vidogo vya ute vinavyopunguza msuguano baina ya ngozi, kano na mfupa. Kifuko kikiingiwa na bakteria, mara nyingi stafilokoki, huvimba, hupata moto na hutunga usaha. Katika kifundo cha mkono kano nazo hupita ndani ya ala zenye ute. Ala ya kidole gumba na ile ya kidole cha mwisho hufika hadi kifundoni. Kwa hiyo mdudu wa kidole asipotibiwa huweza kupanda mpaka hapo.

Historia ya tarakimu

Orodha ya kimataifa ya magonjwa ilianzia katika kazi ya Mfaransa Jacques Bertillon, aliyeiwasilisha Chicago mwaka 1893. Hapo mwanzo ilikuwa orodha ya sababu za vifo tu. Mkono uliovimba, kwa kuwa hauui kila mara, haukuwa na nafasi kubwa humo. Mwaka 1948 Shirika la Afya Duniani lilichukua madaraka ya orodha hiyo, na toleo la 6 likaingiza pia maradhi yasiyoua.

Toleo la 10, lililopitishwa mwaka 1990, liliweka maambukizo ya vifuko hivi chini ya M71, na kijisehemu cha M71.0 kikawa ndicho kinachohusika hapa. Baada yake yaweza kuongezwa tarakimu ya mahali: 2 ni mkono wa juu pamoja na kisukusuku, 3 ni mkono wa chini pamoja na kifundo. Toleo la 11 lilipitishwa mwaka 2019 na kuanza kazi mwaka 2022, lakini haja ya kutaja mahali pa ugonjwa haikuondoka.

Historia ya neno

Neno linalogusa mpaka huo wa 2 na 3 ni kiwiko. Kamusi ya Frederick Johnson ya mwaka 1939 inakitaja kiwiko cha mkono kuwa ni pale kiganja kinapoungana na mkono, kama vile kiwiko cha mguu kilivyo pale wayo unapoungana na muundi. Katika matumizi ya baadaye, hasa ya shuleni, kiwiko kimehamia juu na kuwa kisukusuku, yaani kivi. Na mahali pake pa zamani pakachukuliwa na kifundo cha mkono.

Yafaa ikumbukwe kwamba Mombasa ina nafasi ya pekee katika habari hii. Kamusi ya Ludwig Krapf, iliyochapishwa mwaka 1882 baada ya kufa kwake, ilitegemea zaidi Kimvita. Ilhali ni katika mkutano uliofanyika Mombasa mwaka 1928 ndipo Kiunguja kilipochaguliwa kuwa msingi wa Kiswahili Sanifu. Upande wa bara, wasemaji nao ni wa asili nyingi. Kisauni kuna Freretown, makazi ya watumwa waliokombolewa, yaliyoanzishwa mwaka 1875. Likoni Kidigo ki karibu. Changamwe reli, bandari na viwanda vimewavuta watu kutoka kila pembe ya Kenya. Haifai kudhani kwamba wote hawa walikipokea kiwiko kwa maana moja.

Neno na tarakimu zinapokutana

Mgonjwa akisema "kiwiko chauma", tabibu anayeutazama mkono hawezi kukosea mahali pa kupasua. Hatari iko kwa karani anayesoma maneno tu, kwani daftari huandikwa kwa Kiingereza: neno moja la mgonjwa laweza kutoa M71.02 au M71.03. Tangu mwaka 2011 takwimu za hospitali za Kenya hukusanywa katika mfumo mmoja wa kompyuta, na mfumo hauwezi kumwuliza mgonjwa alikusudia nini. Kwa mchukuzi wa bandarini jambo hili ni zito zaidi, maana fidia ya kuumia kazini, chini ya sheria ya mwaka 2007, hutegemea ni kiungo gani kilichodhurika na kwa kadiri gani.

Sheria ya Afya ya mwaka 2017 inataka mgonjwa aelezwe hali yake kwa lugha anayoifahamu. Sharti hilo ni la upande mmoja: lamtaka tabibu aeleweke, wala halisemi jinsi maneno ya mgonjwa yatakavyohifadhiwa. Hapo ndipo kazi ya wanaleksikografia inapohitajika. Kamusi ya tiba isiishie kutoa kisawe cha neno la Kiingereza. Ionyeshe kila maana ya kiwiko na mahali inapotumika, na kifundo na kisukusuku yapendekezwe kuwa maneno ya daftari. Kiwiko kibaki katika vinywa vya wenyewe, lakini kila kinapotajwa mgonjwa na aombwe aonyeshe kwa kidole.