Programu ya kurejesha kompyuta

Programu ya kurejesha kompyuta ni programu inayoirudisha kompyuta katika hali iliyopangwa na msimamizi kila inapowashwa upya. Hutumika kwenye kompyuta za watu wengi, kama zile za maktaba, vyuo na intaneti kafe. Mfano unaojulikana ni Deep Freeze ya kampuni ya Faronics kutoka Kanada. Microsoft ilikuwa na Windows SteadyState, iliyoacha kutolewa mwishoni mwa mwaka 2010.

Jinsi inavyofanya kazi

Kompyuta ikiwa "imegandishwa", mabadiliko ya mtumiaji huhifadhiwa kwa muda tu. Ikiwashwa upya hutupwa yote: mafaili yaliyopakuliwa, mipangilio iliyobadilishwa, hata virusi vilivyoingia kwa flashi.

Tatizo la masasisho

Programu hii haitofautishi mabadiliko mema na mabaya. Sasisho la usalama lililowekwa kwenye kompyuta iliyogandishwa hupotea pia. Hivyo virusi hufutika, lakini tundu vilimopitia hubaki wazi. WannaCry, iliyoenea Mei 2017, ilitumia kasoro ya Windows ambayo Microsoft ilikuwa imetoa marekebisho yake Machi mwaka huo.

Utunzaji

Microsoft hutoa masasisho ya usalama ya Windows Jumanne ya pili ya kila mwezi. Baada ya hapo msimamizi:

1. huwasha kompyuta upya ili iwe safi;
2. huiyeyusha, bila kuruhusu watumiaji;
3. huweka masasisho ya Windows, kivinjari na kinga ya virusi;
4. huijaribu, kisha huigandisha tena.

Kazi hii inaweza kupangiwa ratiba ya usiku, lakini ratiba hiyo haifai mahali ambapo umeme huzimwa ukutani wakati wa kufunga.

Mbeya na Iringa

Katika Nyanda za Juu Kusini mwa Tanzania, miji ya Mbeya na Iringa ina maktaba za mkoa chini ya Bodi ya Huduma za Maktaba Tanzania, pamoja na vyuo vikuu. Penye kifurushi kidogo cha intaneti, Windows 10 na 11 zinaweza kupangwa ili kompyuta za mtandao mmoja wa ndani zigawiane sasisho badala ya kila moja kulipakua lote. Umeme ukikatika wakati wa kusasisha, mfumo unaweza kuharibika, na kwa kuwa kompyuta imeyeyushwa, kuiwasha upya hakutairejesha. Kwa hiyo nakala kamili ya diski huhitajika kabla ya kuanza.

Tangu 14 Oktoba 2025 Microsoft imeacha kutoa masasisho ya kawaida ya Windows 10. Kuigandisha kompyuta hakuzibi pengo hilo.