Hedione: Jina la Raha Lililojificha Kwenye Pafyumu Yako

Ukiingia mtandaoni dakika tano tu unakutana naye. Dada mwenye wafuasi wake wengi, kucha zimekaa vizuri, ameshika kichupa kidogo, anakuambia ukijipulizia hii hakuna mwanaume atakayepita bila kugeuka. Au ni kaka, vifungo vya shati vitatu wazi, anakuambia ndani kuna "feromoni". Ukiuliza ni kitu gani hasa kinachogeuza watu shingo, wale waliosoma soma kidogo wanakutajia jina: Hedione. Wanaongeza na "utafiti umethibitisha" ili ulipe haraka.

Wao hatuwataji, wanajijua. Leo tunakitaja hicho kitu chenyewe, maana jina lake lina historia tamu kuliko tangazo.

Hedione limetoka kwenye neno la Kigiriki cha kale, hedone, yaani raha. Na hapa si raha ya kukaa kivulini na soda baridi tu. Ni raha pamoja na ile ya mwili, starehe, utamu. Katika hadithi ya kale ya Eros na Psyche, wale wapenzi waliopata tabu mpaka wakaoana, mtoto wao wa kike anaitwa hivyo hivyo, Raha. Madaktari wa akili nao wana neno lao la anhedonia, hali ya mtu kutosikia raha kwa kitu chochote, hata vile alivyokuwa akivipenda. Shina ni lile lile.

Halafu kuna mkia. Wanakemia wana ukoo wa vitu wanavyoviita ketoni, na kwenye lugha za Ulaya majina ya ukoo huo huishia na "-one". Ile asetoni unayofutia rangi ya kucha ni ndugu wa humo humo. Hedione nayo ina kipande cha ketoni ndani yake. Kwa hiyo aliyelitunga jina hili alipiga ndege wawili: raha ya Kigiriki na mkia wa maabara, vyote kwenye neno moja fupi ambalo mteja analikumbuka.

Sasa angalia kilichoachwa. Kitu hiki kilizaliwa kutokana na ua la asmini, na jina lake la kikemia, methili dihidrojasmoneti, limebeba asmini katikati. Hilo neno "jasmo" ni lile lile letu. Waajemi walisema yasamin, Waarabu wakalichukua, huku pwani likawa yasmini, asmini, asumini, na Wafaransa wakawa na jasmin yao. Lakini jina la biashara likaliruka ua kabisa. Hawakukuuzia asmini, walikuuzia unavyotakiwa kujisikia ukiinusa.

Mtu wa pwani hapo hashangai. Asmini na raha ni majirani wa siku nyingi. Nenda Unguja, Mombasa au Lamu, utakuta kikuba: asmini zilizofungwa pamoja na rehani, wakati mwingine na mkadi, mwanamke anakichomeka kwenye nywele au kifuani. Maua yenyewe yanafunguka jioni na kuzidisha harufu usiku, na kitanda cha bibi harusi kinamwagiwa hayo hayo. Hakuna aliyehitaji Kigiriki kujua asmini ina kazi gani chumbani.

Tatizo la asmini ni bei. Ua moja halina uzito wowote, kilo moja inataka maelfu ya maua, na yanachumwa kwa mkono, moja moja, kabla jua halijapanda. Ukitaka kilo moja ya yale mafuta mazito wanayotumia watengeneza manukato, unahitaji mamia ya kilo za maua. Na si hadithi ya zamani. Sehemu kubwa ya asmini ya dunia inatoka Misri, na mwaka 2024 uchunguzi wa BBC ulionyesha watoto wakiichuma usiku huko, asmini inayoishia kwenye chupa za majina makubwa. Kwa hiyo ukisikia mtu anaringa kwamba pafyumu yake ni "asili tupu", asmini halisi, muulize iliyochumwa na nani.

Wanakemia walishaivunjavunja harufu ya asmini tangu karne ya 19, wakajua vingi vilivyomo. Ila wakivichanganya tena, ua halirudi. Inanukia kama asmini ya plastiki, kuna kitu kinakosekana. Mwishoni mwa miaka ya 1950, mkemia wa kampuni ya Firmenich ya Geneva, Uswisi, jina lake Edouard Demole, alikuwa anatafuta hicho kinachokosekana. Akakipata: methili jasmoneti, kiko kidogo sana ndani ya mafuta ya ua lakini kazi yake kubwa. Mwaka 1962 yeye na wenzake wakachapisha umbo lake. Akiwa kwenye kazi hiyo hiyo akapata ndugu yake, yule aliyeongezewa hidrojeni, ambaye alikuwa mwepesi zaidi kutengenezwa kiwandani. Huyo ndugu ndiye akapewa jina la Hedione.

Kuna kitu hapa lazima nikisimulie, hata kama kinatutoa barabarani kidogo. Yule wa kwanza, methili jasmoneti, kwa mimea si raha hata chembe. Mwaka 1990 watafiti wawili, Edward Farmer na Clarence Ryan, walionyesha kwamba mvuke wake ukiufikia mmea wa nyanya, majani yanaanza kujitengenezea kinga dhidi ya wadudu wanaotafuna. Yaani mmea ukiunusa unaelewa kuna hatari jirani, jiandae. Ni king'ora. Binadamu akachukua ndugu wa king'ora akamwita Raha.

Turudi Geneva. Hedione ilipotoka haikupokelewa kwa vigelegele. Ukiinusa peke yake ni dhaifu, ina kaubichi ka ua, kaulimau kidogo, imekaa kama hewa ya bustani baada ya mvua. Wapo wanaoinusa na kukuambia hawasikii kitu. Kampuni ina jina zuri lakini mzigo hauna kelele. Aliyejua pa kuupeleka ni Mfaransa Edmond Roudnitska, mtu aliyekwisha kujenga heshima yake na Diorissimo ya mwaka 1956. Aliiweka Hedione, karibu asilimia 2 tu, kwenye Eau Sauvage ya Dior, ikatoka mwaka 1966.

Eau Sauvage ilikuwa ya wanaume. Tangazo lake lililochorwa na René Gruau lilionyesha miguu ya mwanaume yenye vinyweleo. Humo ndani, chini ya malimau na majani, kumbe kuna pumzi ya asmini. Ua la bibi harusi limevalishwa suruali, na wanaume wakalipenda bila kuambiwa ni ua. Ndipo wenzake wakaelewa Hedione inafanya nini: haiji mbele kuimba, inafungua madirisha. Harufu nyingine zinapata nafasi, zinatembea, zinakaa muda mrefu bila kukukaba. Mwaka 1976 Jean-Claude Ellena akaiweka kwa wingi zaidi kwenye First ya Van Cleef & Arpels. Mwaka 1994 ikaja CK One, ile ya kike na kiume chupa moja, nayo imejaa Hedione. Leo inatengenezwa kwa maelfu ya tani kila mwaka bila kuchuma hata ua moja.

Na hapo ndipo jina linapoanza kuleta mambo. Hedione ni jina la biashara, lina mwenyewe. Washindani wanaweza kutengeneza molekuli ile ile, ila jina hawaruhusiwi kulitumia. Kampuni ya IFF ya Marekani ina ya kwake, imeiita Kharismal. Umeipata? Mmoja kaita raha, mwingine kaita mvuto. Kitu kimoja, ahadi mbili, na zote mbili zimeandikwa na watu wa mauzo, si na watu wa maabara. Wote walijua wanunuzi wao, yaani watengeneza manukato wenzao, hawatakumbuka methili dihidrojasmoneti hata ungewaimbia.

Miaka karibu hamsini jina likakaa hivyo, jina tu, kama mtu anayeitwa Furaha na ana sura ya kununa. Halafu ukaja mwaka 2015.

Watafiti wa vyuo vikuu vya Bochum na Dresden, Ujerumani, walikuwa wanachunguza kipokezi kimoja kilichopo kwenye pua ya binadamu, VN1R1. Kwa wanyama wengi, vipokezi vya ukoo huo vinahusika na feromoni. Wakagundua Hedione inakiamsha. Kisha wakawanusisha watu huku wanapiga picha ubongo wao, wakilinganisha na harufu nyingine ya maua inayofanana na waridi. Hedione iliamsha zaidi sehemu za ubongo zinazohusika na hisia, na kwa wanawake iliamsha pia eneo la haipothalamasi linalohusika na homoni za uzazi.

Ni utafiti mzuri na wa kweli. Ila soma ulichosoma. Kwanza, hiyo tofauti ya haipothalamasi ilionekana kwa wanawake. Sasa dada yetu wa kichupa anawauzia wanawake ili wanaume wageuke! Kachukua utafiti kauvaa nyuma mbele. Pili, walipima ubongo umelala ndani ya mashine, hawakupima nani kamtongoza nani. Taa kuwaka kwenye picha ya ubongo si sawa na mtu kuomba namba yako. Tatu, feromoni ni kitu ambacho mwili wa mnyama unakitoa ili kuwapa ujumbe wa aina yake. Mwili wa binadamu hautoi Hedione. Ukiiita feromoni ya binadamu umebadilisha maana ya neno ili biashara iende.

Lakini jina lilikuwa limeshafanya kazi yake kabla utafiti haujaandikwa. Jaribu kufikiria watafiti wale wangepata majibu yale yale kwa kitu kinachoitwa "MDJ", kifupi ambacho wanakemia wanakitumia kwa molekuli hii. Nani angetengeneza video? Muuzaji anapenda Hedione kwa sababu jina lina ushahidi wa uongo ndani yake. Anakuambia limetokana na raha, kwa hiyo linaleta raha. Ni kama kusema sabuni inayoitwa Tajiri itakulipia kodi.

Kibaya zaidi, huwezi kumkagua. Geuza boksi lako usome nyuma. Baadhi ya harufu zinazosumbua ngozi sheria za Ulaya zinalazimisha ziandikwe kwa jina, ndiyo maana unaona Linalool, Limonene na wenzao. Hedione haipo kwenye kundi hilo, kwa hiyo inajificha ndani ya neno moja, Parfum, pamoja na kila kitu kingine. Mwenye kichupa anaweza kukuapia imo kumbe haimo, au akakuuzia kwa bei ya mbingu kitu ambacho tayari unacho nyumbani. Maana Hedione si ya kifalme. Imo kwenye pafyumu nyingi kuliko unavyodhani, za bei mbaya na za mtaani, na imo kwenye sabuni na shampuu. Ingekuwa inafanya kazi kama wanavyosema, mwendokasi ya saa moja asubuhi ingekuwa ndoa ya pamoja.

Hilo halina maana ni takataka. Mimi naikubali sana, na naona Roudnitska aliielewa kuliko hao wote wanaoitangaza. Raha ipo, ila ni ya aina nyingine, ile ya harufu inayopumua badala ya kukupiga kichwani kama pafyumu nyingi za sasa hivi.

Ukitaka kukutana nayo bila kumpa mtu hela, pita duka lolote la pafyumu lenye chupa za kujaribia. Tafuta Eau Sauvage, ile ya kawaida kabisa, usichukue matoleo mengine yanayofuata jina hilo. Pulizia mara moja kwenye mkono, usisugue, usinuse hapo hapo kwa sababu utapata limau tupu. Zunguka zunguka robo saa, ongea na watu, kisha sogeza mkono puani. Limau limetulia, na nyuma yake kuna kitu chepesi, kibichi, kama mtu kafungua dirisha upande wenye mti wa asmini. Ndiyo hiyo.